Aliyezikwa kwa Mgomba

Cardiff, 21 Januari 2024

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Kabla hujauliza: nakula, kanisani naenda, na koti zito ninalo. Kile kikohozi cha mwaka jana kimeniachia. Nisalimie kaka Privatus na mkewe, na umwambie picha za mtoto nimeziona. Kafanana na marehemu baba mpaka nikacheka peke yangu jikoni. Siku hizi kucheka peke yangu nimekuwa fundi. Wenzangu wawili ninaoishi nao nyumba moja wanafanya kazi usiku, mimi mchana, na tunajuana kwa vikombe tunavyoachiana kwenye sinki.

Masikio yako vipi? Privatus anasema sasa hata kengele ya kanisa huisikii, unajua Jumapili imefika kwa kuona majirani wamevaa viatu. Ndiyo maana naandika. Ningeweza kumpigia yeye simu akupazie sauti, lakini jambo hili sitaki lipaziwe sauti.

Filamu niliyokwambia bado naihangaikia. Ni habari za mabaharia Waafrika waliofika mji huu tangu zamani, wakachochea moto wa makaa kwenye meli, wakaoa hapa na kufia hapa. Ukifungua vitabu vya bandari utakuta meli zote kwa majina, na mbwa wa nahodha kwa jina lake. Wao hawana majina. Mimi nazunguka nyumba hadi nyumba na kamera, naomba watoto wao na wajukuu wao wanitolee picha zilizoko chini ya vitanda.

Mwezi uliopita mzee mmoja Msomali alinionyesha picha ya wachochea moto wakiwa sitahani. Nyuma kabisa kuna mwanaume mrefu, kichwa amekilaza kidogo upande wa kulia kama mtu anayesikiliza. Mzee akaniambia, "Huyu hakuwa wa pwani. Alitoka mbali na bahari, huko kwenu kwenye ziwa. Tulimwita Biabato."

Shangazi, najua akina Byabato ni wengi Kagera. Lakini ile shingo ni yako wewe. Naomba uniandikie yote unayoyajua juu ya babu Byabato, baba yako aliyekwenda kumpigania Mwingereza huko Burma, vita mnavyoviita vya Bama, na askari wa Keya. Naomba pia ruhusa. Kuna kijana wa Bukoba anaitwa Novatus, mpiga picha, nafanya naye kazi. Nataka aje apige kaburi la babu hapo kibanjani, katikati ya migomba. Atakuja siku moja tu, na hatakanyaga kahawa.

Nakala ya picha ile nimeikunja humu ndani.

Wako akupendaye,
Joyness


Bugomora, 9 Machi 2024

Mwanangu Joyness,

Marahaba. Barua yako imekaa dukani kwa Mansoor pale Murongo mpaka ikanuka sabuni. Unajua yeye ndiye mwenye sanduku la posta, na sisi tunasubiri apite mjini. Safari hii alikuwa amevuka mto kwenda Uganda kufuata bidhaa. Nilimwambia barua si sukari, haipandi bei ikikaa. Akajibu kitu, sikukisikia, lakini alicheka.

Hapa mvua zimewahi. Mnyauko umeingia kibanja cha jirani na Privatus amelazimika kukata migomba minne ya upande ule. Mimi mzima, ila magoti. Watu wakizungumza naona midomo inakwenda kama ng'ombe anatafuna, basi nami natabasamu. Juzi nilimtabasamia mtu aliyekuwa ananiambia kafiwa.

Sasa picha yako. Nimeiangalia kwa miwani na bila miwani. Ni mtu mweusi, mrefu, amechoka. Wa hivyo ni wengi duniani.

Baba yangu yuko kaburini, nilikuwapo akizikwa. Lakini wewe umekaa Ulaya mpaka umesahau, kwa hiyo nakufundisha upya kama mtoto wa darasa la tatu. Aliondoka mwaka 1942, mimi nanyonya. Vita vikaisha, wenzake wakarudi na makoti ya jeshi, yeye hatukumwona. Mmoja wao akasema alimwona akibebwa kwa machela, uso umefunikwa. Mwaka 1947 ukoo ukakaa. Mtu wa kwetu haachwi akaning'inia hewani. Mwili usipopatikana, huchukuliwa mgomba, ukavikwa rubugo, lile gome tulilowavika wafu kabla ya sanda kufika, ukalazwa ndani, ukaliliwa, kisha ukazikwa kibanjani kama mwenyewe. Mama alinyolewa, nami nikanyolewa. Baba mdogo Mwesiga, babu yako wewe, ndiye aliyeubeba mgomba ule begani, akilia kwa sauti. Baadaye ukoo ukampa mama amrithi, ndiyo desturi ya wakati ule, wakamzaa baba yako. Kwa hiyo kama Byabato hakufa, hebu niambie wewe umetokea wapi!

Hapo nakutania. Kwenye kamera sitanii. Mtu akishaliliwa na kuzikwa, mambo yake yamekwisha. Wazee walikuwa wakisema hata akitokea mzima asipite mlango wa mbele, maana kwa mlango huo alikwisha kutolewa maiti. Akiingilia hapo, mmoja wa walio ndani atatoka badala yake. Mimi ni Mkatoliki, najua Papa hayasemi hayo. Ila kaburi lile nimelipalilia tangu nikiwa mtoto na sitaki lichezewe.

Novatus akija nitampikia ndizi na maharage. Kamera ataiacha kwa Mansoor.

Kula vizuri. Koti si chakula.

Shangazi yako,
Restuta


Cardiff, 5 Mei 2024

Shangazi mpendwa,

Shikamoo, na pole kwa migomba. Mwambie Privatus alipitishe panga kwenye moto kabla ya kuhamia shina jingine, ugonjwa ule husafiri na panga. Na huyo mfiwa uliyemtabasamia, natumaini mmepatana.

Nimechelewa kujibu kwa sababu nilitaka kuwa na hakika. Sasa ninayo. Kaa kwanza.

Byabato wa kwenye picha alikufa mji huu mwaka 1979, na ameacha binti. Huyo binti ana miaka sitini na minane, alikuwa mpishi wa shule mpaka alipostaafu, na anaitwa Stephania. Nilikwenda kwake na kamera. Kabla sijaiwasha, akanitamkia neno "Bugomora". Alilitamka vizuri kuliko watangazaji wa redio. Baba yake alikuwa akilitaja kila jioni kwenye sala, baada ya majina ya watakatifu, na utotoni yeye alidhani Bugomora ni mtakatifu.

Nasita kuandika hili, lakini ndivyo lilivyo: ni mdogo wako.

Anasema baba yenu alikuwa mpole, mtu wa maneno machache. Huku enzi hizo ndizi za kupika hazikuwepo, basi akawa anachemsha viazi mbatata na maharage, anavuruga pamoja, anakula kwa mkono, na mke wake wa hapa alimwacha tu. Akirudi safarini alikuwa anaingia kwa mlango wa jikoni, wa nyuma. Mlango wa mbele hakuupita hata siku moja. Hata siku Stephania anaolewa, bwana na bibi harusi wametokea mbele kwenye maua, yeye na suti yake kazunguka kichochoroni kwenye mapipa ya taka. Majirani walidhani hataki kuchafua zulia kwa vumbi la makaa. Nimelipenda sana jambo hilo, kwenye filamu litakaa vizuri.

Kuhusu kwa nini hakurudi nyumbani, bado natafuta. Watu wa hapa hawakumbuki sawasawa. Nikipata nitakuandikia.

Shangazi, najua ni mzito mzigo huu. Kama ungeniruhusu kaburi, hata kwa mbali tu, hata toka barabarani. Nakuwekea picha ya Stephania. Amekilaza kichwa kulia.

Wako,
Joyness


Bugomora, 18 Julai 2024

Joyness,

Barua yako ilifika mwanzoni mwa Juni, nami nimekaa nayo. Huku wote wazima.

Nimefundisha shule miaka thelathini. Mtoto asiyejua jibu huangalia juu. Anayelijua na hataki kulisema huangalia daftari lake. Wewe umeniangalizia daftari.

Nakuuliza swali moja. Nani alimwambia kwamba amezikwa?

Maana Wazungu hao hawakumfundisha kupita nyuma. Mtu hapiti mlango wa nyuma maisha yake yote, siku ya harusi ya binti yake akapita kwenye mapipa ya taka, asipojua kwamba kwa mlango wa mbele alikwisha kutolewa. Alijua. Na habari za kaburi la Bugomora hazikutangazwa Ulaya. Kuna mtu alimwambia kwa mdomo.

Nilipoisoma nilitoka nikaenda kukaa kaburini. Watoto wa Privatus walipita wakitoka shule, wakanipungia, nikawapungia. Giza likaingia, hakuna aliyekuja kuniuliza nafanya nini. Sikuolewa, sikuzaa, na sasa sisikii. Nyumba yangu ina kimya cha masikio na kimya cha watu, na hicho cha pili ndicho kinachonishinda. Nilikuwa nimeridhika kwamba baba yangu hana kosa, alikufa tu kama watu wanavyokufa. Wewe umemfufua. Sasa nina baba aliyekula viazi na maharage miaka yote ile, akamlea binti mwingine, na mimi hakunitafuta.

Sitaki picha zaidi. Nataka kujua hili tu: alikumbuka kwamba nipo? Kama alikumbuka, mbona hakuja?

Usipojibu hilo, usiandike.

Restuta


Cardiff, 6 Oktoba 2024

Shangazi,

Shikamoo. Leo sina salamu ndefu. Privatus aliniambia kwa simu kwamba umeugua malaria ukapona, nami nikashukuru, na nikaona haya kwamba nimesikia kwa mwingine.

Barua hii nimeiandika nikaichana, nikaiandika tena. Jibu la swali lako ninalo tangu Machi. Stephania alinieleza siku ile ile ya kwanza, mbele ya kamera, na nimeisikiliza sauti yake mara nyingi kuliko sauti ya mtu yeyote mwaka huu. Nilikudanganya niliposema bado natafuta. Naandika kama alivyosema yeye, kwa maneno ya baba yenu.

Baba yako hakufa Bama. Aliugua, akalazwa India muda mrefu. Alipopona alikuta jeshi lake limekwisha kurudi, akafanya kazi melini mpaka akapata njia ya nyumbani. Alifika mwaka 1949. Alishuka Mombasa, akapanda treni mpaka Kampala, akapata malori, kipande cha mwisho akatembea, akafika mtoni, ukingo wa ng'ambo ya Murongo, upande wa Uganda. Hakuvuka. Alisema mtu aliyepotea muda mrefu haingii kwake ghafla kama mwizi, hutuma neno kwanza. Akamtuma mchuuzi mmoja aje amwite mdogo wake.

Mdogo wake akaja. Alikuja na kibuyu cha rubisi, pombe yetu ya ndizi. Shangazi, ni babu Mwesiga.

Walikaa ukingoni. Babu Mwesiga alilia sana, hata Stephania anasema baba yake hakuwahi kumsema kwa ubaya. Akamwambia: "Kaka, tulikulilia tukakuzika. Mkeo nimepewa, na sasa ana mimba. Ukiingia, nani atatoka? Yeye, au kilicho tumboni?" Baba yako akakipokea kibuyu. Kisha akauliza neno moja tu.

"Na mtoto?"

Babu akamwambia, "Restuta alikufa kwa ndui."

Baba yako alikunywa rubisi yote, akamrudishia kibuyu, akageuka kurudi Kampala. Stephania anasema alikuwa akisema hivi: "Kama mtoto angekuwepo ningeingia hata kwa dirisha."

Hilo ndilo jibu. Hakukusahau. Hakuja kwa sababu aliambiwa umekufa. Kila Novemba, siku ya Marehemu Wote, alikuwa anapeleka jina lako kanisani lisomwe misani. Alipofariki, Stephania akaendelea, maana aliahidi. Miaka yote hiyo Cardiff wanakuombea pumziko la milele. Na ule mlango alikuwa anauogopa kwa ajili ya Stephania. Alikuwa amekwisha kumpoteza binti mmoja.

Sasa kwa nini nilikuficha. Mimi ni mjukuu wa Mwesiga. Baba na mama wamelala, Privatus ana watoto wake, na mtu ninayemwita nyumbani ni wewe. Ulinisomesha, ulinisuka nywele, ulinifundisha kuandika hizi barua. Niliogopa kwamba ukijua, kila ukiniona utamwona yeye, na mimi nitabaki na hiki chumba na vikombe vya watu. Na nilikuwa na aibu. Nimezunguka mji mzima nikiwaambia wageni wasifiche historia zao, huku ya kwangu nimeikalia.

Filamu nimeisimamisha. Bila sehemu hii ni uongo, na bila ruhusa yako sitaitoa. Ukisema niiache, nitaiacha na sitakulaumu.

Nisamehe, au hata ukichelewa kunisamehe, niandikie.

Joyness


Bugomora, 3 Novemba 2024

Mwanangu Joyness,

Marahaba. Barua yako safari hii haikunuka sabuni. Mansoor alisema aliona umeandika jina langu mara mbili, la kwanza umelikata, akapanda bodaboda mwenyewe akaniletea. Nimempa mkungu, akaukataa, nikamfungia kwa nguvu nyuma ya pikipiki. Malaria imekwisha. Senene wameanza kuanguka na watoto wa Privatus hawalali wakiwaokota.

Naanza na wewe ili nimalizane na wewe. Umenikosea. Babu yako aliniua kwa maneno, wewe ukamfunika kwa kunyamaza, na miezi yote hiyo nilikuwa namchukia baba yangu bila kosa. Kuanzia Julai mpaka juzi nilikuwa sipalilii kaburi lake. Nilikuwa napita nalitazama kwa pembe ya jicho kama mtu mnayedaiana maneno. Huo muda huwezi kunirudishia. Nimekasirika, na nitakasirika kidogo zaidi, pengine mpaka Krismasi. Lakini hayo ya kwamba nitakuona Mwesiga, acha upuuzi. Nilikufunga nepi.

Sasa nami nina la kwangu, ambalo sikukuandikia kwa sababu sikujua maana yake.

Mgomba wa kuzikia hukatwa shina tupu. Tunguu lake la chini ardhini huachwa, maana tunguu lina uhai. Mwesiga siku ile alikuwa kijana, amechanganyikiwa na kilio, akaung'oa mgomba mzima na tunguu lake, wakauvika rubugo hivyo hivyo, hakuna aliyeangalia. Na shimo halikuwa refu. Nani atachimba shimo refu kwa ajili ya mgomba? Mvua zilizofuata, kaburi likaota. Chipukizi la kijani likachomoza pale kifuani. Nililiona mimi, nikamkimbilia mama, mama akaniziba mdomo kwa kiganja. Asubuhi yake halikuwepo. Mwesiga alikuwa amelikata. Likaota tena, akalikata tena. Kila mtu nyumbani aliona na hakuna aliyesema, maana kaburi linaloota lina maana moja tu, kwamba aliyezikwa yu hai, na mama tayari alikuwa wa Mwesiga.

Kisha kuna siku alirudi safarini, akasema alikwenda Murongo kutazama bei ya kahawa. Alikuwa na kibuyu kitupu. Akalala akiumwa, hakula kwa siku nyingi, na mimba ile ya mama haikufika, mtoto alizaliwa kabla ya wakati na hakulia. Tangu hapo chipukizi halikukatwa tena. Liliota likawa mgomba, likazaa migomba mingine, na lile shina lipo mpaka leo. Ndilo lile kubwa ulilokuwa unakatazwa kucheza chini yake. Ndizi zake hatukuwahi kula, zilikuwa zinaivia juu na kuliwa na ndege. Miaka yote nilidhani Mwesiga alichoka tu kukata. Sasa najua kwamba alikuwa ametoka kuongea na mwenye kaburi.

Joyness, sijui nimchukie vipi. Nilipougua surua alinibeba mgongoni mpaka hospitali ya misheni, njia nzima ananisimulia hadithi za sungura nisilale nikafa. Watu walipomcheka kwamba anampeleka mtoto wa kike shule, na tena si wake, aliwaambia huyu atasoma hata nikiuza shamba. Upande ule wa mto alinifanya maiti, upande huu akanilea kama yai. Nilimwita baba, na nilimfumba macho kwa mkono huu ninaoandikia. Angekuwa hai ningempiga, halafu ningempikia.

Filamu itoe. Sharti la kwanza, jina la Mwesiga liwemo, na alilolisema pale ukingoni liwemo lote, bila kulipaka asali. Sharti la pili, mgongo alionibebea nao uwemo. Ukiweka moja bila jingine, mimi sitoki. Mwambie Novatus aje na kamera yake, apige kaburi, apige migomba, na mimi nitakaa mbele niseme mwenyewe. Maandishi ya chini yaandike makubwa, kwa Kiswahili, maana nataka kuiona filamu yangu na nisitabasamu mahali pasipostahili.

Jana ilikuwa siku ya Marehemu Wote. Nilikwenda kanisani, nikakaa benchi la mbele ambako naiona midomo ya padre. Akasoma majina ya wafu wa parokia. Nikawa nafikiri kwamba huko kwenu, pengine saa ile ile, jina langu linasomwa, na watu wasionijua wanasema amina. Nililia, na wanawake wakanishika mabega wakidhani namlilia Mwesiga. Nilikuwa nalia kwa sababu kumbe kulikuwa na mtu. Miaka sabini na zaidi nimejiona mtoto asiyetafutwa, na kumbe kila Novemba kulikuwa na mtu upande wa pili wa dunia anavaa suti, anatoka kwa mlango wa nyuma, anakwenda kunililia.

Niliporudi nilimwita Privatus akakata mkungu kwenye shina lile. Aliogopa, nikamwambia kata. Nimemenya, nimepika na maharage, nimekula peke yangu na mlango wa mbele wazi. Ndizi ni nzuri. Tumezipoteza muda mrefu bure.

Mpe Stephania anwani ya Mansoor. Mwambie simu haitanifaa, sisikii. Mwambie dada yake mkubwa yupo Bugomora, ana magoti mabovu na maswali mengi. Aache kuniombea, aniandikie.

Shangazi yako,
Restuta binti Byabato